Udongo Mwekundu, Udongo Mweusi

Nairobi imekaa juu ya udongo wa aina mbili. Magharibi, kuanzia Upper Hill kupanda Kilimani na Lavington, kuzunguka Muthaiga na kushuka hadi Karen, udongo ni mwekundu: unakunywa maji upesi, miti inashika, msingi wa nyumba unatulia. Mashariki, ukiipita stesheni ya reli kuelekea Makongeni, Embakasi na Dandora, ni udongo mweusi unaonata, unaovimba wakati wa masika na kupasuka wakati wa kiangazi, ukazivuta kuta mpaka zikafanya nyufa. Fundi akipata kazi huko huuchimba kwanza na kuutupa, ndipo amwage zege. Udongo ulikuwepo kabla ya watu. Nani alale juu ya upi ni jambo lililoamuliwa mezani, likaandikwa, likapigwa muhuri, na maandishi hayo bado yanasomeka. Nimeyafuata kwa miguu, mtaa kwa mtaa, kwa sababu nimechoka kusikia kwamba ubaguzi wa rangi uliondoka Kenya na bendera ya Mwingereza usiku wa kuamkia tarehe 12 Desemba 1963.

Njia inaanzia stesheni. Reli ilifika hapa tarehe 30 Mei 1899, ikapiga kambi mahali penye maji baridi, katika uwanda walikolisha Wamaasai, kabla ya kukabili miinuko ya kuelekea Bonde la Ufa. Ramani ya kwanza ya mji ilikuwa ramani ya reli, na vyeo vya kazini ndivyo vilivyogeuka mitaa. Maofisa wa Kizungu walijengewa kilimani. Makarani na mafundi wa Kihindi waliwekwa chini, karibu na karakana. Vibarua wa Kiafrika waliachwa wajitafutie pa kuweka ubavu.

Ukiifuata Moi Avenue, ambayo zamani ilikuwa Government Road, unafika Biashara Street, na maduka ya vitambaa bado yamebanana pale kama yalivyokuwa siku za bazaa ya Wahindi. Tauni ilipoingia mjini mwaka 1902, bazaa ya kwanza iliteketezwa kwa moto kwa amri ya daktari wa serikali. Tauni ikarudi tena miaka iliyofuata. Mwaka 1913 wizara ya makoloni mjini London ikamtuma Profesa William Simpson, mtaalamu wa afya aliyewahi kuhudumu Calcutta, aje atazame hali ya usafi Kenya, Uganda na Zanzibar. Ripoti yake ilizungumza habari za mitaro na maji safi pia. Lakini pendekezo ambalo serikali ililipokea kwa mikono miwili lilikuwa lingine: Mzungu, Mhindi na Mwafrika wasikae pamoja, na kati ya makazi ya Wazungu na ya wengine uachwe ukanda mtupu wa yadi 300 usiojengwa kitu. Hoja ilikuwa kwamba kila kabila la watu lina magonjwa yake na desturi zake. Panya na viroboto, waliokuwa wakisambaza tauni bila kuuliza mtu rangi, walihesabiwa upande wa Mhindi na Mwafrika.

Hapo ndipo rangi ya ngozi ilipoanza kuandikwa kwa lugha ya afya. Nalisema hili kwa uzito, kwa maana ndiyo siri ya mambo yote yaliyofuata. Sheria inayosema wazi "Mwafrika asiishi hapa" inaweza kupingwa, na siku moja ikafutwa. Sheria inayosema "nyumba hii haifai kiafya", "kiwanja hiki ni kidogo mno" au "huyu hana kibali" hudumu, kwa kuwa hata aliyeumizwa nayo huona aibu kuipinga.

Wahindi walipinga kweli. Mwaka 1923 serikali ya Uingereza ikatoa waraka uliojulikana kwa jina la Devonshire, waziri wa makoloni, ukiahidi kuachana na sheria ya kutenga watu mijini kwa rangi. Nyanda za juu zenye rutuba zilibaki za Wazungu peke yao. Na mijini nako, kilichotoka mlangoni kilirudi kwa dirisha: masharti yaliandikwa ndani ya hati za viwanja, kwamba Mwasia au Mwafrika asikae humo isipokuwa awe mtumishi wa nyumbani. Mombasa, Mhindi mmoja aliyeitwa Kaderbhai alikwenda mahakamani kupinga mnada wa viwanja vya mji ambao Wazungu pekee ndio walioruhusiwa kupandisha bei. Kesi ilifika London, kwenye baraza la Mfalme lililokuwa mahakama ya mwisho kwa makoloni yote, na mwaka 1931 ikaamuliwa kwamba kamishna wa ardhi alikuwa na haki ya kuuza kwa masharti hayo. Ahadi ya 1923 ilikuwa haijatimiza hata miaka kumi.

Kwa Mwafrika mambo hayakufika hata mahakamani. Ilitosha kipande. Sheria yake ilitungwa mwaka 1915, ikaanza kutumika baada ya vita kuu ya kwanza. Kila mwanamume Mwafrika alipaswa kutembea na karatasi yenye jina lake, kabila lake, alama za vidole vyake, kazi aliyofanya, mshahara aliolipwa na sahihi ya mwajiri. Karatasi ilikunjwa ikatiwa kwenye kikopo cha bati na kuning'inizwa shingoni kwa kamba. Tazama vizuri hicho kikopo. Mwajiri asipotia sahihi kwamba amekuachilia, basi wewe ni mtoro, na polisi watakutafuta kama mhalifu. Akiandika mshahara wa chini, mwajiri wa pili anausoma na kukupa huohuo. Hakuna haja ya njama kati ya matajiri wawili; karatasi inawasemea. Mwanaharakati Harry Thuku aliikemea hadharani pamoja na kodi na mishahara duni, akakamatwa, na tarehe 16 Machi 1922 umati uliokusanyika nje ya kituo cha polisi kudai aachiliwe ulipigwa risasi. Waliokufa walizidi 20, miongoni mwao Mary Muthoni Nyanjiru, mwanamke aliyewahimiza wanaume wasirudi nyuma. Mahali penyewe ni hatua chache kutoka chuo kikuu, na wanafunzi hupita hapo kila asubuhi.

Kutoka hapo nilishuka Kariokor, jina lililotokana na kikosi cha wabeba mizigo wa vita vya kwanza, ndugu yake Kariakoo ya Dar es Salaam, kisha nikavuka kuingia Pumwani. Kabla ya Pumwani, Waafrika wa Nairobi walikuwa wamejijengea vijiji vyao: Pangani, Mombasa, Maskini, Kaburini. Wengi wa wakazi walikuwa Waislamu, Waswahili kwa lugha na mavazi, na wanawake wengi walikuwa na nyumba zao wenyewe na wapangaji ndani. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 manispaa ikatenga Pumwani iwe mtaa wa wenyeji, vijiji vikaanza kuvunjwa kimoja kimoja, na Pangani, kilichokuwa cha mwisho, kikaondolewa mwishoni mwa miaka ya 1930. Waliohamishwa walielekezwa Shauri Moyo.

Majengo, ndani ya Pumwani, bado kuna nyumba za mtindo wa Kiswahili, ukumbi katikati na vyumba pande mbili, bati juu, baraza mbele. Mwanamke mzee aliyekaa barazani akichambua mchele aliniitikia salamu.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Pita."

Nilimuuliza kama nyumba ni yake.

"Nyumba ni yangu, na ya mama kabla yangu. Ardhi si yangu."

"Ni ya nani?"

"Ya Kanjo," akasema, akaendelea na mchele wake.

Maneno yake mawili ya mwisho, kwamba ardhi ni ya baraza la jiji, yanabeba miaka 100. Pumwani watu walipewa kibali cha kujenga kwenye ardhi ya manispaa kwa ada, si hati. Kwa kibali hukopeshwi benki. Kibali hakimzuii anayekuja na tingatinga. Mtu aliyepata kiwanja Muthaiga miaka ileile alipewa hati ya miaka 99 au zaidi. Sheria ya ardhi ya 1915 ilikuwa imefungua mlango wa hati za miaka 999 kwa mashamba ya walowezi. Mjukuu wa yule wa Muthaiga amerithi mali anayoweza kuiweka rehani, kuuza nusu, kusomeshea watoto ng'ambo. Mjukuu wa yule wa Pumwani amerithi kuta na paa. Hakuna kati yao aliyetenda baya wala jema. Na leseni ya muda ya kukalia ardhi ya umma bado imo katika utaratibu wa ardhi wa Kenya, bado ndiyo anayopewa mnyonge.

Kaloleni ni mwendo mfupi ng'ambo ya Jogoo Road. Ilijengwa miaka ya 1940 kwa mikono ya wafungwa wa vita wa Kiitaliano, na lazima niseme ukweli, ni mtaa uliopangwa kwa moyo: nyumba ndogo za mawe zimezunguka viwanja vya nyasi, ukumbi na maktaba katikati, miti mikubwa. Wapo walioamini kwamba Mwafrika anastahili bustani. Lakini ingia ndani ya chumba. Makazi mengi ya Waafrika Nairobi yalipimwa kwa kitanda, nafasi ya mwanamume mmoja aliyekuja kufanya kazi na atakayerudi kwao. Mke na watoto walidhaniwa kuwa shambani, wakijilisha. Mshahara wa chini nao ulipigiwa hesabu hiyohiyo, mahitaji ya mwanamume asiye na familia. Mwaka 1954, vita vya Mau Mau vikiwa vimepamba moto na jeshi likiwa limezingira mitaa hii mwezi Aprili na kuwasomba maelfu ya wanaume kwenda vizuizini, kamati ya mishahara iliyoongozwa na Carpenter ilikiri kwamba mshahara huo haukutosha familia, ikapendekeza upandishwe hatua kwa hatua ufikie mahitaji ya mtu mwenye mke na watoto. Kwa maneno mengine, kwa zaidi ya nusu karne wanawake wa vijijini walikuwa wakilipa, kwa jembe lao, sehemu ya mshahara ambayo viwanda vya Nairobi havikulipa.

Chumba kile kimeishi kuliko Mwingereza. Nenda Mathare, Mukuru, Kayole, uliza ukubwa wa chumba cha kupanga: futi kumi kwa kumi. Sasa ndani yake wamo baba, mama, watoto watatu, jiko na mitungi ya maji. Hata mwenye nyumba Mwafrika, anayejenga leo kwa mabati, hujenga kwa kipimo hicho.

Mwaka 1948 ulitolewa mpango mkuu wa Nairobi kama mji mkuu wa koloni. Kiongozi wa kazi hiyo, Thornton White, alikuwa profesa wa usanifu wa majengo Cape Town, na mwenzake Silberman, mwanasosholojia, alitoka Afrika Kusini pia. Ni kitabu kizuri cha ramani, kimejaa michoro ya barabara pana na vitongoji vyenye shule kila kona. Ndani yake waandishi wanasema wameweza kutochukua upande wowote kuhusu kutenganisha watu kwa rangi, kwa kuwa wamejifunga na kanuni za mipango peke yake, zinazopima mahitaji ya binadamu na ya kiufundi. Nimeisoma kauli hiyo mara nyingi na kila nikiisoma hunikaa kooni. Kila mtu wa Nairobi alijua wakati ule nani anaishi wapi. Ukiukuta mji umegawanywa tayari, ukachora kiwanda karibu na anayefanya kazi kiwandani, na bustani karibu na mwenye bustani, huna haja ya kutaja rangi hata mara moja. Vitongoji vya wafanyakazi vilitandazwa mashariki, kandokando ya viwanda na reli, juu ya udongo mweusi.

Uhuru ulipokuja, walioingia ofisini walikuta ramani hiyo ukutani. Masharti ya rangi yalifutwa kwenye hati. Ukubwa wa viwanja haukufutwa. Mtaa ambao kiwanja chake hakiruhusiwi kuwa chini ya nusu ekari hauhitaji mlinzi wa kuuliza rangi. Bei yenyewe inauliza. Mawaziri, makatibu na wafanyabiashara wapya walinunua au kupewa nyumba za kilimani, na tangu siku hiyo walikuwa na sababu ya kuilinda ramani ile kama alivyoilinda mwenyewe aliyeichora. Mwaka 1965 serikali ilichapisha waraka wa bunge namba 10 kuhusu ujamaa wa Kiafrika, ukasema fedha za maendeleo ziwekwe mahali penye ardhi nzuri, mvua, barabara na umeme, kwa kuwa huko zitazaa haraka. Mahali hapo ni wapi? Ni kule alikojengea mkoloni barabara na umeme kwa ajili ya walowezi. Kaskazini, Pwani na nchi ya wafugaji wakaambiwa wangoje. Katiba ya 2010 ilibidi iunde mfuko maalumu wa kusawazisha, nusu ya asilimia moja ya mapato ya serikali ya taifa kwa miaka 20, upeleke maji, barabara, afya na umeme kwenye maeneo hayo, na fedha zake zimekuwa zikitoka kwa kusuasua.

Najua jibu ninalopewa nikisema haya: siku hizi ni pesa, si rangi, kilimani kuna Waafrika tele. Kweli wapo, na wengine ndio wenye viwanja vikubwa kuliko wote. Lakini shuka na mto. Mto Nairobi, Mathare na Ngong yote hutiririka kutoka magharibi kwenda mashariki. Kinachomwagwa juu huteremka chini. Jaa la Dandora lilifunguliwa katikati ya miaka ya 1970, likatangazwa kuwa limejaa mwaka 2001, na malori yanaendelea kumwaga takataka za jiji zima hapo, kando ya mto, karibu na shule na nyumba za watu. Mathare iko upande mmoja wa barabara ya Thika na Muthaiga upande wa pili. Wa Muthaiga hufungua mfereji jikoni, wa Mathare hununua maji kwa mtungi, na kwa lita moja hulipa zaidi. Mafuriko ya Aprili 2024 yaliposomba watu na vibanda Mathare na Mukuru, tingatinga zilifuata kubomoa vilivyosalia ndani ya mita 30 kutoka mtoni, na waliobomolewa wengi walikuwa watoto na wajukuu wa watu ambao hawakupewa ardhi nyingine ya kujenga. Kwamba baadhi ya majirani wa kilimani wamebadilika rangi hakujambadilisha yeyote aliyewekwa bondeni.

Kuna mahali pamoja ambapo mambo yote haya, ardhi, kibali na kipande, yamefungwa kwenye fundo moja. Nilirudi stesheni nikapanda treni ya jioni inayokwenda Kikuyu, inayopita katikati ya Kibera huku watu wakisogea pembeni ya reli kuipisha.

Kibera ilianzishwa na askari. Wanubi waliotoka Sudan waliingizwa kwenye majeshi ya Waingereza Uganda miaka ya 1890, kisha wakapigana katika King's African Rifles kila walikotumwa. Kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 1900 waliostaafu na familia zao waliruhusiwa kulima na kujenga katika msitu huu wa kusini-magharibi mwa mji, na mwaka 1918 eneo likatangazwa kuwa hifadhi ya jeshi, ekari 4,197. Hata Laini Saba ya leo inakumbuka uwanja wa shabaha. Walipewa vibali, si hati. Tume ya ardhi ya Carter, miaka ya 1930, ilisema Wanubi ni wapangaji wanaoweza kuondolewa kwa hiari ya Serikali, ingawa serikali ina wajibu wa kiutu wa kuwatafutia mahali pengine. Tatizo lao katika vitabu vya mkoloni lilikuwa kwamba hawakuwa na hifadhi ya kikabila ya kurudishwa. Kila Mwafrika alipaswa kuwa na "kwao", na kwao wao kulikuwa hapahapa.

Baada ya uhuru, juu ya ardhi hiyo zilijengwa nyumba za serikali na za mikopo ambazo watu wenye mishahara walizipata. Wanubi walizidi kubanwa, na wapangaji wasio na hati wakaja kwa maelfu kutoka kila pembe ya nchi, nao wakitafuta chumba cha futi kumi kwa kumi. Mwezi Juni 2017 Rais Uhuru Kenyatta aliwakabidhi Wanubi wa Kibera hati ya ardhi ya jamii. Ekari 288.

Na kipande? Mwaka 1947 sheria iliamuru watu wa rangi zote waandikishwe. Wazungu walipandwa na hasira kuambiwa watie alama za vidole kama Waafrika, na serikali ikawatafutia njia nyingine. Baada ya uhuru karatasi ikawa kitambulisho cha taifa, na bila hicho hufungui akaunti, husajili laini ya simu, hupigi kura, huajiriwi. Kijana Mnubi aliyefika miaka 18 alitakiwa kwanza kupita mbele ya kamati ya wazee na maofisa, aulizwe nasaba yake, alete vyeti vya babu. Vijana wa Kisomali nao, na wa jamii nyingine za mpakani na za Kiislamu, walipitishwa njia hiyohiyo. Mwaka 2011 kamati ya Umoja wa Afrika inayosimamia haki za mtoto iliamua kwamba Kenya ilikuwa imevunja haki ya watoto wa Kinubi ya kuwa na uraia. Mwezi Februari 2025 Rais William Ruto, akiwa Wajir, aliagiza uchujaji huo wa ziada ukome.

Agizo hupimwa kwenye dirisha la karani. Kijana aliyezaliwa Lavington huleta cheti cha kuzaliwa na vitambulisho vya wazazi wake, basi. Kijana wa Makina, ndani ya Kibera, ameulizwa miaka yote hiyo babu wa babu yake alitoka wapi. Alitoka kambini, akiwa amevaa sare ya Mfalme, na kibali chake cha kukaa Kibera kiliandikwa na serikali yenyewe.